Mla Sokoni na Mla Jamvini

Ibn Hawqal hakuwapenda watu wa Palermo, na lawama akakitupia kitunguu. Msafiri huyu wa Kiarabu alifika katika mji mkuu wa Sisilia mwaka 973, kisiwa kikiwa bado chini ya Waislamu, akazunguka masoko na misikiti yake huku akihesabu. Maduka ya nyama aliyapata zaidi ya 150. Katika msikiti wa wachinjaji alihesabu safu 36 za waumini. Kisha akaandika kwamba wenyeji wana akili nzito kwa sababu wanakula vitunguu vibichi asubuhi na jioni, tajiri kwa maskini. Kwangu mimi huyu ndiye babu wa kila mtu anayelipia matembezi ya vyakula siku hizi: anapita, anachungulia, anahesabu, anatoa hukumu, anakwenda zake.

Karne tatu na nusu baadaye, mwaka 1331, Ibn Battuta alitia nanga Mogadishu. Yeye hakuanza kwa kuzunguka. Anasimulia kwamba kila jahazi lilipofika, vijana wa mji walilifuata kwa vyombo vidogo, kila mmoja na sahani iliyofunikwa, akimkabidhi mfanyabiashara mmoja na kutamka kwamba huyu ni mgeni wake. Ibn Battuta, kwa kuwa alikuwa mwanachuoni, alipokewa na kadhi, akapewa nyumba ya kukaa na chakula mara tatu kwa siku. Kwa hiyo chakula cha mji alikijua akiwa amekaa kitako: wali wa samli kwenye chano kubwa la mti, mchuzi wa kuku, nyama, samaki na mboga, ndizi mbichi zilizopikwa kwa maziwa, maziwa ya mgando, na pembeni malimau ya achari, pilipili, tangawizi mbichi na maembe. Mtu wa Lamu au wa Mkunazini ya Unguja akisoma orodha hiyo haoni cha kumshangaza. Hukumu nayo haikukosekana: aliwaona Wamogadishu wanene, mmoja wao akila chakula cha kundi zima.

Nimewaweka wawili hawa mbele kwa sababu mimi mwenyewe nimetembezwa kwa njia ya Ibn Hawqal katika miji miwili. Wa kwanza ni huo huo wake, Palermo. Wa pili ni mji nilikokulia, Unguja, ambako nilijiunga na kundi la wageni kama mtu asiyejua Darajani iko wapi.

Palermo tulianzia soko la Ballarò. Kabla hujaona kitu unasikia: wachuuzi wananadi kwa sauti ya kuvuta, nusu wito, nusu wimbo, na wenyewe wana jina lake, abbanniata. Mtembeza wetu, dada wa mjini pale, alitupeleka moja kwa moja kwenye panelle. Unga wa dengu husongwa jikoni kwa maji na chumvi hadi ukaze, hutandazwa ungali moto, ukipoa hukatwa vipande vyembamba vikakaangwa, vikatiwa ndani ya mkate wenye ufuta na kukamuliwa limau. Wenzangu walikuwa wanasikia habari za Sisilia. Mimi nilikuwa nasikia habari za ugali wa dengu uliokaangwa, na ulimi ukanikumbusha bajia za urojo.

Hapa mtu huvutwa kusema kwamba ni Waarabu, basi. Walitawala Palermo tangu 831 hadi Wanormani walipoichukua mwaka 1072, na kwetu majahazi yao yamekuja na kaskazi tangu enzi na enzi. Na maneno kweli yana nasaba moja: sukari yetu na zucchero yao, limau na limone, zafarani na zafferano. Lakini bajia haikuletwa Unguja na Mwarabu. Imetoka Bara Hindi, pamoja na kachori na wenye maduka wa Kigujarati. Unga wa dengu umefika visiwa viwili kwa njia mbili, ukakutana na mafuta ya moto na ndimu, na matokeo yakafanana. Maneno yanaweza kuwa ndugu na vyakula vikabaki majirani tu. Mtembeza wageni hana muda wa kueleza hilo, na simlaumu, maana kundi lina njaa.

Kituo cha pili kilinikwaza. Pani ca' meusa ni mkate wa wengu na pafu la ng'ombe, vilivyochemshwa, vikakatwa vipande vyembamba na kupitishwa kwenye mafuta. Ukiutaka na limau peke yake unaitwa schettu, kapera. Ukiongezewa jibini unaitwa maritatu, amekwisha kuoa. Nilicheka, nikaupokea mkononi, ndipo nikauliza ni mafuta gani. Ni ya nguruwe. Nikampa Mholanzi aliyesimama karibu yangu, akala mikate miwili. Ajabu ni kwamba wenyeji husimulia asili ya mkate huo kwa Mayahudi: wachinjaji wao, inasemwa, hawakuchukua fedha kwa kazi ya kuchinja, walichukua matumbo na wengu, wakawauzia Wakristo. Amri ya mfalme wa Hispania ya mwaka 1492 ikawafukuza Mayahudi kisiwani. Chakula kikabaki, kikabadilishiwa mafuta, na leo mwenye hadithi hawezi kukila. Sijaona jiwe la kumbukumbu mjini Palermo linalosema zaidi ya hapo.

Tuliendelea kula kwa miguu kwa saa tatu. Sfincione, mkate mnene wa nyanya na vitunguu (Ibn Hawqal angetikisa kichwa), huuzwa juu ya vigari vya magurudumu matatu, Ape ya Piaggio, kigari kilichozaliwa mwaka 1948. Bajaj wa India walianza kwa leseni ya Piaggio hao hao, kwa hiyo bajaji ya Dar es Salaam ina shangazi yake Palermo anayeuza mikate. Kila mahali watu walikula wamesimama: wakili na koti lake, fundi bomba, mama na mtoto mkono wa pili. Hakuna aliyekuwa anatuigizia. Mji huo una desturi ya kale ya kulisha watu wake barabarani, watu waliobanana kwenye vyumba visivyo na nafasi ya jiko la maana. Barabara ilikuwa jiko lao. Mtu akikutembeza pale, anakupitisha jikoni kwenyewe.

Nikarudi kwetu na swali: je, na sisi?

Kundi la Unguja lilikutana Darajani saa tatu asubuhi, mbele ya jengo la soko la mwaka 1904. Mtembeza wetu, kijana mchangamfu, si papasi wa kung'ang'ania wageni hata kidogo, alitupitisha kwenye mnada wa samaki, akataja changu, jodari na pweza, akatuonjesha fenesi na shokishoki. Wageni walipiga picha. Mimi nilikuwa natazama kina mama. Walinunua kimya kimya: nazi mbili, fungu la samaki, bilingani, ndimu. Wakatia kapuni, wakatokomea vichochoroni. Kila kapu lililopita lilikuwa chakula cha mchana ambacho sisi hatungekiona.

Jaws Corner tulikunywa kahawa chungu na kashata. Wazee kwenye baraza walitupa salamu, wakarudi kwenye mazungumzo yao. Vuga tulikula urojo, na hapo roho yangu ilitulia, maana bakuli lile ni mji mzima: rojo la njano lenye uchachu wa ukwaju na embe bichi, viazi, bajia, kachori, mishkaki, chipsi za muhogo, chatine ya nazi, pilipili ya kukutoa machozi. Ila hata urojo watu waliula wamekaa. Utotoni tulikatazwa kula tukitembea. Aliyekutwa anatafuna njiani aliambiwa hana murua, tena si kwa sababu ya uchafu; ukila mbele ya watu ni lazima useme karibu, na mtu anayetembea na chakula atawakaribisha wangapi?

Nikamvuta kijana pembeni. "Boko boko je? Mkate wa kumimina? Samaki wa kupaka?"

Akanitazama mara mbili, akatambua mimi si mgeni. "Ah, shekhe, hivyo si vya nyumbani?" Na akainua kidevu kuelekea madirisha ya juu.

Jibu lake naliona ndilo uhakiki wenyewe. Matembezi hayana kosa kupita sokoni. Kosa lake ni kudai kwamba soko ndilo mji. Palermo dai hilo linakaribia ukweli, ingawa hata kule kuna sarde a beccafico, dagaa wakubwa waliojazwa chenga za mkate na zabibu kavu ili wafanane na ndege waliokuwa wakiliwa na makabaila. Hiyo nayo ni hadithi ya majumba, barabara ikaigiza. Unguja dai hilo linaacha nje nusu ya mji, nayo ni nusu iliyo mikononi mwa wanawake, nyuma ya milango ya nakshi tuliyosimama mbele yake tukihesabu misumari.

Siku hizi kuna njia ya katikati. Ukienda kwenye mashamba ya viungo, upande wa Kizimbani, ziara mara nyingi huishia mkekani kwa pilau ya mama wa kijijini. Wapo wanaosema huo ni ukarimu wa kuuzwa. Nami nilikuwa katika hao, mpaka nilipomsoma tena Ibn Battuta. Yule kijana wa Mogadishu aliyemletea mfanyabiashara sahani iliyofunikwa ndiye aliyemuuzia bidhaa zake na kumnunulia alizotaka. Biashara iliyofanywa mwenyeji asipokuwepo haikuhesabika. Sahani ile ilikuwa ukarimu na ilikuwa udalali, vyote viwili katika chombo kimoja. Kamisheni ya mtembeza wageni ina umri mkubwa kuliko tunavyodhani.

Jioni kundi letu la Unguja lilimalizia Forodhani, bustani iliyofunguliwa mwaka 1936 kwa jubilii ya Sultani Khalifa bin Haroub na kukarabatiwa mwaka 2009. Jina lenyewe ni la mahali pa kutozea ushuru. Taa, moshi, juisi ya miwa yenye tangawizi na ndimu, na ile inayoitwa Zanzibar pizza, ambayo pizza haina: ni chapati nyembamba iliyokunjiwa kima na yai, nduguye mkate wa mayai wa Mombasa na mutabbaq wa Waarabu. Mtu fulani aliitoa ya nyumbani, akaiweka kwenye chuma mbele ya watu, akaipa jina ambalo mgeni hahitaji kuelezwa. Siidharau. Ila nikakumbuka Vucciria, soko ambalo Renato Guttuso alilichora mwaka 1974 likifurika samaki na nyama. Picha ipo Palermo, kwenye jumba la Steri, imejaa. Soko lenyewe limebaki na meza chache. Usiku vijana hujaa pale kwa vinywaji. Mahali pakishapendwa sana na wapita njia, mwenye kapu huenda kununua kwingine, na Forodhani usiku ule sikuona kapu hata moja.

Wageni walipotawanyika na sahani zao za pweza, kijana wetu alisimama kando, mikono mitupu. Tangu asubuhi sikuwa nimemwona akitia kitu kinywani ila kuonja kidogo kwa mfano.

"Wewe huli?" nikamuuliza.

"Nimewekewa nyumbani," akasema, akitazama saa. "Mama keshafunika na kawa."