SHAURI LISILOFUATWA

Fungueni madaftari. Leo twajifunza habari ya mdai aliyefungua shauri, kisha akakaa nyumbani.

Tuanze Butiama. Wakati wa Waingereza, Chifu Nyerere Burito alitawala huko mpaka alipofariki mwaka 1942. Katika mahakama za wenyeji, zilizopangwa kwa sheria ya mwaka 1929, machifu walisikiliza madai ya ng'ombe, mahari na mashamba. Mdai na mdaiwa mara nyingi walikuwa majirani. Mtu asipofika barazani, wazee waliweza kujua kama ni mgonjwa au amefiwa.

Mahakama Kuu, iliyoanzishwa mwaka 1920, ilifuata njia nyingine. Waingereza waliileta Tanganyika sheria ya madai iliyotungwa India mwaka 1908. Kwa sheria hiyo, anayedai ndiye mwenye kazi ya kulifuata shauri lake. Tulipokwisha kujitawala, tulitunga Sheria yetu ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, mwaka 1966, na kanuni ile ikabaki.

Sikilizeni sana hapa. Katika Mahakama ya Wilaya au Mahakama Kuu, siku ya shauri ikifika na pande zote mbili hazipo, shauri laweza kufutwa. Mdai aweza kufungua jipya, ikiwa muda wa sheria haujapita. Lakini mdaiwa akiwapo, akayakana madai, na mdai hayupo, shauri hufutwa, wala mdai hawezi kufungua jingine juu ya jambo lile lile. Amebakiwa na njia ya kuomba, katika siku 30, shauri lirudishwe, naye aonyeshe sababu ya kutosha. Kusema "nilisahau" hakutoshi. Ndivyo ng'ombe wawezavyo kupotea kabla mahakama haijaamua ni wa nani.

Je, sheria hii ni kali? Mfikirie mdaiwa pia. Kila tarehe huacha jembe lake na kulipa nauli. Si haki kumfunga kwa shauri lisilokwisha.

Hata hivyo, kulifuata shauri kuna gharama. Kwa miaka mingi mashauri ya Mahakama Kuu kutoka Mara yalipelekwa Mwanza, zaidi ya kilomita 200 kutoka Musoma. Siku hizi Mahakama Kuu ipo Musoma.

Watu wa Bunda wanakumbuka shauri lililofuatwa. Mwaka 1995 Joseph Warioba alishindwa ubunge na Stephen Wasira. Akafungua shauri. Mahakama Kuu ikaubatilisha uchaguzi, na mambo yakafika Mahakama ya Rufani.

Basi shikeni mambo matatu. Andika tarehe ya shauri mara tu unapotajiwa. Ukiugua, tuma mtu na barua na cheti cha daktari kwa karani kabla ya siku. Shauri likifutwa, anza kuhesabu siku 30. Mtaka cha mvunguni sharti ainame.

Maswali ya kuzungumza darasani:
1. Kwa nini mahakama haimngojei mdai daima?
2. Mdai aliyelazwa hospitali siku ya shauri afanye nini?

Kwaherini mpaka somo lijalo.