Filamu "Damage" ya Louis Malle: nani huamua kipi ni uchafu?

Mwanzoni mwa miaka ya 1990 Ulaya ilitoa filamu kadhaa zilizoweka mapenzi ya kitandani katikati ya hadithi, zikiwa na waigizaji wakubwa na waongozaji wenye majina. Mojawapo ni "Damage" ya mwaka 1992, kazi ya mwongozaji Mfaransa Louis Malle, iliyotokana na riwaya ya Josephine Hart.

Jeremy Irons anaigiza Stephen Fleming, mwanasiasa aliye serikalini mjini London, mtu wa familia na heshima zake. Anakutana na Anna Barton (Juliette Binoche), mpenzi wa mwanawe Martyn, na wawili hao wanaanza uhusiano wa siri ambao hauvunjiki hata Martyn anapomchumbia Anna. Siku kijana huyo anapowafumania, anarudi nyuma kwa mshtuko, anaanguka kutoka ghorofani na kufa.

Anayetafuta msisimko hapa atapata kidogo. Stephen na Anna hukutana kama watu wanaopigana, karibu bila maneno, na furaha haionekani. Uzito wa filamu uko kwa Miranda Richardson, anayeigiza Ingrid, mke wa Stephen na mama wa marehemu, hasa anapomkabili mumewe akiwa na uchungu wa kufiwa. Uigizaji huo ulimpatia tuzo ya BAFTA ya mwigizaji bora msaidizi wa kike, na akateuliwa kuwania Oscar.

Nchini Marekani kizuizi kilikuwa daraja la filamu. Mwaka 1990 chama cha kampuni za filamu kilianzisha daraja la NC-17, la watu wazima pekee, kuchukua nafasi ya X. Herufi hiyo haikuwa imesajiliwa kama alama ya chama, kwa hiyo wauza picha za ngono walijibandikia wenyewe. Nia ilikuwa kuipa sanaa ya watu wazima nafasi yake, lakini magazeti mengi yalikataa matangazo ya filamu za NC-17 na kumbi nyingi hazikuzionyesha. "Damage" ilipopewa daraja hilo, ilibidi ipunguzwe ili ipate R.

Kwa Malle hili halikuwa geni. Filamu yake "Les Amants" ya 1958, iliyoigizwa na Jeanne Moreau, ilimfanya Nico Jacobellis, meneja wa ukumbi wa sinema huko Ohio, atozwe faini ya dola 2,500 kwa kuionyesha. Mwaka 1964 Mahakama ya Juu ya Marekani ilifuta hukumu hiyo kwa kura 6 dhidi ya 3. Jaji Potter Stewart alikiri kwamba pengine asingeweza kueleza ponografia kali ni ipi, ila akiiona anaitambua, na filamu hiyo haikuwa hivyo.

Miaka 28 baadaye, mkasi ulipita kitandani kwa Stephen na Anna. Kifo cha Martyn kilibaki.