Safari ya Neno "Maudhui": Kutoka Darasani hadi Ulinzi wa Mtoto Mtandaoni

Walimu watakumbuka kwamba zamani neno "maudhui" lilikaa darasani. Wahakiki wa fasihi walilizoesha kwa jozi, "fani na maudhui", na nje ya riwaya na shairi halikuwa na kazi kubwa. Leo limo katika Kanuni za Maudhui Mtandaoni za mwaka 2018, na zile za 2020 zilizochukua nafasi yake. "Mtandao" nao watokana na kitenzi "tanda". Mtu wa Magu, aliyekulia kando ya ziwa, hulielewa upesi, ingawa akifikiria kitu kilichotandazwa kinachonasa yeye huanza na wavu.

Sheria ya filamu na michezo ya kuigiza, Na. 4 ya 1976, ilitupatia "ukaguzi". Neno lilitosha, kwani mtoto alizuiwa mlangoni mwa sinema. Sasa sinema imo katika simu ya kaka yake.

Sheria ya Mtoto ya 2009 na Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015 zilitungwa kwa Kiingereza. Hii ya pili ina kifungu mahsusi kuhusu picha za ngono za watoto. Kiswahili kilifanywa lugha ya sheria na mahakama mwaka 2021 tu. Kabla ya hapo kila mfasiri alijitafutia njia: "picha chafu", "picha za utupu", "picha za ngono", "maudhui yasiyofaa". Maneno haya hayalingani hata kidogo. Picha ya utupu yaweza kuwa ya mtoto mchanga akiogeshwa na mama yake. "Maudhui yasiyofaa" hukusanya matusi, kamari na umwagaji damu katika kapu moja. La "picha chafu" ndilo linalotusumbua zaidi, maana uchafu humrukia mtoto aliyepigwa picha, naye ndiye aliyedhulumiwa.

Tulipozungumza na walimu Magu, walitueleza kwamba mtoto mdogo, ambaye nyumbani husema Kisukuma, huja na kauli moja: "Nimeona mambo mabaya." Mwalimu ajua kumkemea, hajui la kumwuliza. Je, ameona kwa bahati mbaya, ameonyeshwa na mtu mzima, au ameombwa picha yake? Tafsida yetu, ambayo kwa kawaida twaisifu, hapa humficha mkosaji.

Kwa mtu anayejipatia imani ya mtoto kidogo kidogo kwa nia ya ngono, sisi twaona "kurubuni mtoto kingono" kwafaa. "Kurubuni" peke yake hakutoshi, kwani hata wapiga kura hurubuniwa. Kwa programu inayozuia tovuti fulani, "kichujio" hakihitaji maelezo mahali ambapo chai huchujwa kila asubuhi. Na badala ya "picha chafu za watoto", twawaomba wafasiri waandike "picha za unyanyasaji wa mtoto kingono", japo ni ndefu kwa fomu za ofisi.

Wasomaji walio wilayani watuletee maneno ambayo watoto wenyewe huyatumia, ya Kisukuma yakiwamo.