Ukomo wa Rupia 500: Matunzo ya Mtoto Baada ya Wazazi wa Kihindu Kutengana nchini India, 1898–2001

Historia ya matunzo ya mtoto katika sheria ya familia ya Wahindu nchini India husimuliwa kwa kawaida kuanzia mwaka 1956, Bunge lilipopitisha Sheria ya Kuasili Watoto na Matunzo ya Wahindu. Sehemu hii inaanzia mbali zaidi. Hoja yake ni kwamba haki aliyopewa mtoto na sheria hiyo ilikuwa pana kimaandishi, lakini kwa miongo kadhaa kiasi ambacho mtoto wa wazazi waliotengana angeweza kutarajia kiliwekewa mpaka na chombo kingine kabisa, yaani mahakama ya hakimu iliyorithiwa kutoka utawala wa Waingereza.

Amri ya matunzo mbele ya hakimu ilikuwamo katika Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Jinai ya mwaka 1872. James Fitzjames Stephen, aliyeisimamia sheria hiyo, alilieleza lengo lake kuwa ni kuzuia uzururaji na matokeo yake. Sheria ya mwaka 1898 iliiendeleza amri hiyo katika kifungu cha 488, bila kujali dini ya wahusika, na kuweka ukomo wa rupia 50 kwa mwezi. Ukomo ukapandishwa hadi rupia 100 mwaka 1923, kisha rupia 500 mwaka 1955. Kiasi hiki kinaeleweka tu kikisomwa pamoja na lengo lake: anayezuiwa asizurure hupimiwa chakula na mavazi, hapimiwi ada ya shule.

Sheria za Wahindu za miaka ya 1955 na 1956 zilitoka katika mantiki nyingine. Zilikuwa vipande vinne vya muswada mmoja mkubwa uliokwama bungeni, ambao kukwama kwake kulichangia B. R. Ambedkar kujiuzulu uwaziri mwaka 1951. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1955, katika kifungu cha 26, iliiruhusu mahakama inayosikiliza shauri la ndoa kutoa amri kuhusu malezi, matunzo na elimu ya watoto, kwa kuzingatia matakwa yao inapowezekana. Hata hivyo, mtoto hapo huingia mahakamani kwa mgongo wa ugomvi wa wazazi. Kifungu cha 20 cha sheria ya mwaka 1956 kilivuka mpaka huo. Kilimpa mtoto mwenyewe, awe wa ndani au wa nje ya ndoa, dai dhidi ya baba au mama maadamu hajafikia utu uzima; na binti asiyeolewa aliendelea kulindwa iwapo hawezi kujikimu. Aidha, matunzo yalifafanuliwa kuwa chakula, mavazi, makazi, elimu na matibabu, pamoja na gharama za harusi kwa binti asiyeolewa. Hapakuwa na ukomo wa fedha: mahakama ilitakiwa kuangalia hadhi ya wahusika, mahitaji, mapato na idadi ya wategemezi.

Kwa nini basi mama aliyeachwa na watoto aende kwa hakimu? Kwa sababu madai chini ya kifungu cha 20 ni shauri la madai lenye mlolongo mrefu, ilhali hakimu huendesha shauri kwa muhtasari na anaweza kumfunga asiyelipa hadi mwezi mmoja kwa kila mwezi wa deni. Njaa haisubiri tarehe ya kutajwa kwa shauri. Sheria mpya ya mwenendo wa jinai ya mwaka 1973 iliuhamishia utaratibu huo katika kifungu cha 125, na ukomo wa rupia 500 “kwa jumla” ukabaki palepale.

Maneno hayo mawili yalibeba uzito mkubwa. Je, rupia 500 zilikuwa za familia nzima au za kila mdai? Mwaka 1978 Jaji V. R. Krishna Iyer wa Mahakama ya Juu alikubali amri ya rupia 1,000 kwa mama na watoto, akisema kwamba “jumla” ni ya mahitaji yote ya mtu mmoja, si ya watu wote wa nyumba moja. Kwa maoni yangu, uamuzi huu ulibadili maisha ya watoto kuliko ibara nyingi za mwaka 1956, kwani ulimhesabu mtoto kama mdai anayejitegemea pale ambapo familia yake ilikwenda kweli kudai.

Mwaka 2000 mahakama hiyohiyo ilikirudia kifungu cha 20 katika shauri la wazazi ambao wote waliajiriwa. Kwa kuwa mapato ya baba yalikuwa takriban maradufu ya mama, rupia 3,000 za kila mtoto kwa mwezi ziligawanywa kwa uwiano wa 2 kwa 1. Msomaji aliyezoea Sheria ya Ndoa ya Tanzania ya mwaka 1971, inayomtwika baba wajibu huo kwanza, ataona tofauti.

Baadhi ya majimbo yalikuwa yamekwisha kuupandisha ukomo yenyewe. Bunge liliufuta kwa nchi nzima mwezi Septemba 2001, miaka 46 tangu uwekwe, na likaelekeza kwamba maombi ya matunzo ya muda yaamuliwe, inapowezekana, ndani ya siku 60 tangu mdaiwa apewe taarifa. Swali la tarehe ya kuanza kulipwa lilibaki mikononi mwa mahakimu hadi Novemba 2020, Mahakama ya Juu ilipoagiza kwamba matunzo yahesabiwe tangu siku ya kuwasilisha maombi.