Wajukuu wa Maghazi wa Uthmaniya Waliishia Wapi?

Wapenzi wa tamthilia za Kituruki wanamjua Köse Mihal, yule Mrumi mtawala wa Harmankaya aliyefanya usuhuba na Osman Ghazi kisha akasilimu. Kizazi chake, akina Mihaloğlu, ni wachache wanaokijua, ingawa kilikuwa na sauti kubwa Bulgaria, hasa Pleven na Ihtiman.

Ghazi (si Gazi yetu ya Kwale) ni mpiganaji wa mpakani. Koo zilizovuma Balkani ni nne: Mihaloğlu, Evrenosoğlu, Turahanoğlu wa Thessaly, na Malkoçoğlu. Oğlu ni “mwana wa”. Waliongoza akıncı, wapanda farasi wepesi waliotegemea ngawira badala ya mshahara, na uongozi ulirithiwa baba kwa mwana.

Nguvu hiyo ya urithi ndiyo iliyowaponza. Baada ya kuteka Istanbul mwaka 1453, Sultan Mehmed alizidi kuwapa vyeo watu waliolelewa kasrini, wasio na ukoo wa kujivunia. Mwaka 1595 akıncı waliangamizwa kwa wingi kwenye kivuko cha mto Danube pale Giurgiu, na kazi yao ikachukuliwa na Watatari wa Crimea.

Lakini akina Evrenos walidumu, na kwa maoni yangu kilichowaokoa ni wakfu, si upanga. Ghazi Evrenos, aliyefariki Novemba 1417, aliujenga mji wa Yenice-i Vardar, leo Giannitsa, Ugiriki. Mapato ya ardhi aliyoteka aliyawekea wakfu wa misikiti, nyumba za wasafiri na majiko ya kulisha maskini. Wakfu huhitaji msimamizi, na msimamizi alitoka katika kizazi chake. Sisi wa pwani tunajua mashamba ya wakfu yanavyoweza kugombanisha ndugu. Tunasahau kwamba daftari hilohilo ndilo linalohifadhi nasaba.

Mwaka 1912 jeshi la Ugiriki liliingia mjini. Mkataba wa 1923 ukawahamishia Uturuki Waislamu wa Ugiriki, isipokuwa wa Thrace Magharibi, na sheria ya 1934 ikamtaka kila mtu asajili jina la ukoo. Aliyeandikisha jina jipya, mjukuu wake leo huenda hajui kitu.

Kaburi la Evrenos lingalipo Giannitsa. Jengo lake liliwahi kutumiwa kama ghala la mazao.