Baada ya upasuaji wa bega linalochomoka: jinsi ya kurudisha nguvu za mkono ukiwa Ruziba

Makala haya ni kwa ajili yako ikiwa umefanyiwa upasuaji wa kukaza bega lililokuwa linachomoka mara kwa mara, au ikiwa unamhudumia ndugu aliyefanyiwa. Yanaeleza hatua za kupona, mazoezi unayoweza kufanya nyumbani, kazi za kuepuka, na dalili zinazokutaka urudi hospitali haraka.

Hapa Ruziba wengi wetu tunaishi kwa nguvu za mikono: kuvuta nyavu ziwani, kupakia mizigo kwenye barabara ya Rumonge, kulima, kufua, kuchota maji. Mtu asiyefanya kazi leo huenda asile kesho. Ndiyo maana wengi hurudi kazini mara tu maumivu yanapopungua, na bega linachomoka tena. Kumbuka jambo hili moja: maumivu huisha mapema kuliko kidonda cha ndani kupona.

Upasuaji huu unafanya nini?

Bega ni kama mpira uliokaa juu ya kisahani kidogo. Kisahani hicho kina ukingo laini na mishipa inayoshikilia mpira usitoke. Bega likichomoka, mara nyingi kuelekea mbele, ukingo huo huchanika, na wakati mwingine mfupa wenyewe hulika. Ukiwa kijana, uwezekano wa kuchomoka tena ni mkubwa zaidi.

Kuna njia mbili zinazotumika sana:

- Kushona ukingo uliochanika. Njia hii huitwa Bankart, kwa jina la daktari Mwingereza aliyeieleza mwaka 1923. Nyama laini lazima zishikane upya na mfupa.
- Kuhamisha kipande cha mfupa. Njia hii huitwa Latarjet, kwa jina la daktari Mfaransa aliyeieleza mwaka 1954. Kipande kidogo cha mfupa hufungwa kwa skrubu mbele ya kisahani ili kizuie mpira kutoka. Mfupa huo unahitaji muda wa kuungana, kama mfupa uliovunjika.

Ni lazima ujue ulifanyiwa ipi, kwa sababu makatazo hayafanani. Maelezo ya hapa chini ni ya bega lililokuwa linatokea mbele. Kama lako lilikuwa linatokea nyuma, makatazo ni mengine: mfuate daktari wako.

Kabla hujatoka hospitali, uliza maswali haya

1. Upasuaji wangu unaitwaje? Mniandikie kwenye karatasi.
2. Nivae kitambaa cha kubebea mkono kwa wiki ngapi? Nivae hata usiku?
3. Ni mwendo gani nimekatazwa, na mpaka tarehe gani?
4. Nyuzi zitatolewa lini, na je, zinaweza kutolewa kwenye kituo cha afya cha karibu?
5. Nianze lini mazoezi kwa mtaalamu wa viungo, yule tunayemwita kine?
6. Nirudi lini kupigwa picha ya bega?

Kama hukuelewa Kifaransa au Kirundi, omba mtu wa kukutafsiria kabla hujaondoka. Usione haya. Kosa la siku moja kwenye bega linaweza kukugharimu upasuaji wa pili.

Hatua ya kwanza: siku ya 1 mpaka wiki ya 4 au ya 6

Kazi yako katika hatua hii ni kulinda. Vaa kitambaa cha kubebea mkono muda wote daktari aliosema. Kwa wengi ni wiki 3 mpaka 6.

Mambo yaliyokatazwa:

- Usiupeleke mkono nje na nyuma, kama mtu anayetaka kurusha jiwe. Huo ndio mwendo uliokuwa unalichomoa bega.
- Usinyanyue kitu chochote kwa mkono huo, hata sufuria ndogo.
- Usijisukume kwa mkono huo unapoamka kitandani.
- Usipande pikipiki wala baiskeli.
- Kama ulifanyiwa Latarjet, usikunje kiwiko kwa nguvu ukiwa umeshika kitu kizito. Msuli unaokunja kiwiko umeshikamana na kile kipande cha mfupa kilichohamishwa.

Mambo unayotakiwa kufanya kila siku, mara 4 au 5:

- Fungua na kufunga ngumi mara 20.
- Zungusha kifundo cha mkono.
- Kunja na kunyoosha kiwiko taratibu, bila mzigo, mkono ukiwa karibu na mwili. Hivyo kiwiko hakitakauka.
- Rudisha mabega nyuma kidogo, kana kwamba unataka kubana penseli kati ya mifupa ya mgongoni. Hesabu mpaka 5, kisha legeza.

Daktari akikuruhusu, ongeza zoezi la kuning'iniza mkono. Inama mbele, shika meza au kiti kwa mkono mzima, acha ule mwingine uning'inie, kisha uubembeze polepole kama ndoo inayoning'inia kwenye kamba. Mwili ndio uuyumbishe mkono, si nguvu za bega.

*Kulala.* Wiki za kwanza, lala ukiwa umeinua mgongo kwa mito au nguo zilizokunjwa. Weka kitenge kilichokunjwa chini ya kiwiko ili mkono usianguke nyuma.

*Kuoga na joto.* Joto la Bujumbura hufanya kwapa chini ya kitambaa kuloa jasho na kuchubuka. Inama mbele, acha mkono uning'inie bila kuuinua, safisha kwapa kwa kitambaa chenye maji na sabuni, kausha vizuri. Kidonda chenyewe kisilowe mpaka nyuzi zitolewe, kwa kawaida siku ya 10 mpaka ya 14.

*Kuvaa.* Mkono uliopasuliwa uingie kwanza kwenye shati, na utoke mwisho.

*Mama mwenye mtoto mchanga.* Kumbeba mtoto mgongoni kunataka upeleke mikono nyuma ili kufunga kitenge. Usifanye hivyo katika hatua hii. Mtu mwingine ambebe, au keti kwanza ndipo upewe mtoto umnyonyeshe.

Hatua ya pili: wiki ya 6 mpaka ya 12

Sasa kitambaa kimetoka. Mkono utakuwa mgumu na msuli umepungua. Hilo ni la kawaida, usiogope. Kazi yako ni kurudisha mwendo polepole, kisha kuanza nguvu ndogo.

- Kuinua kwa msaada. Lala chali. Shika kifundo cha mkono uliopasuliwa kwa mkono mzima, uinue mbele kuelekea juu ya kichwa mpaka unapohisi kuvutwa, si maumivu makali. Mara 10, mara 3 kwa siku.
- Kutembeza vidole ukutani. Simama ukiangalia ukuta, panda kwa vidole. Weka alama kwa mkaa mahali ulipofika, ili wiki ijayo uone maendeleo.
- Kusukuma fimbo. Kiwiko kikiwa kimebana ubavuni, shika mpini wa ufagio kwa mikono miwili, na mkono mzima uusukume mwingine kwenda nje. Nenda mpaka pale tu kine alipokuruhusu. Hapa ndipo watu wengi huharibu kwa haraka.
- Kusukuma ukuta bila kusogea. Kiwiko ubavuni, sukuma ukuta kwa ngumi, kisha kwa upande wa nje wa mkono. Hesabu mpaka 5. Tumia nguvu kidogo.

Kine akikubali, anza mazoezi ya mpira. Huna haja ya kununua chochote: kata utepe mrefu wa mpira wa ndani wa tairi kuukuu la baiskeli, ufunge kwenye nguzo imara, na uvute kuelekea tumboni, kisha kuelekea nyuma, kiwiko kikiwa karibu na mwili. Mpira ukiwa mgumu sana, kata utepe mwembamba zaidi.

Kama ulifanyiwa Latarjet, picha ya bega hupigwa katika kipindi hiki ili kuona kama mfupa umeungana. Usiongeze mzigo kabla daktari hajaiona.

Hatua ya tatu: mwezi wa 3 mpaka wa 6

Sasa ni wakati wa kujenga nguvu. Tumia chupa za maji kama mizani yako: chupa ya nusu lita ni nusu kilo, ya lita moja na nusu ni kilo moja na nusu. Ongeza tu ukiweza kurudia mara 15 bila maumivu yanayobaki hadi kesho yake. Sukuma mwili ukiwa umesimama mbele ya ukuta, baadaye kwenye meza imara, na sakafuni baada ya mwezi wa 4 ukiruhusiwa.

Makadirio ya kurudi kwenye shughuli:

- Kula, kuandika, kutumia simu huku kiwiko kiko ubavuni: wiki za kwanza.
- Kuosha vyombo na kupika vyepesi: wiki ya 6 mpaka ya 8.
- Kufua nguo chache: karibu na mwezi wa 3.
- Kubeba bidoni ndogo ya lita 5: mwezi wa 3 mpaka wa 4.
- Bidoni ya lita 20, yaani kilo 20, kupakia mizigo, kuvuta nyavu, kutwanga sombe: mwezi wa 4 mpaka wa 6.
- Kulima: usiharakishe. Kuinua jembe juu na nyuma ya kichwa ni mwendo uleule unaochomoa bega. Subiri karibu miezi 6.
- Mpira wa miguu: miezi 6, na kwa golikipa pengine zaidi.

Haya ni makadirio tu. Neno la mwisho ni la daktari na kine waliokushika.

Kama huwezi kufika kwa kine kila wiki

Tunajua safari si rahisi. Mafuta yanapokosekana, foleni za basi huwa ndefu. Mwezi wa Machi 2022 mamlaka ilizuia pikipiki, tukutuku na baiskeli kuingia katikati ya jiji, na kwa vyovyote pikipiki haikufai ukiwa na bega bichi. Fanya hivi:

- Mweleze kine ukweli siku ya kwanza: "Ninaweza kuja mara moja kwa mwezi." Akupangie mazoezi ya mwezi mzima na akuonyeshe kila moja.
- Omba ruhusa ya kurekodi mazoezi kwa simu, au mchukue ndugu ayaangalie na kuyakumbuka.
- Ukilazimika kuchagua, usikose siku hizi: kutoa nyuzi, wiki ya 6, na mwezi wa 3.
- Ndani ya basi, keti upande ambao bega lililopasuliwa liko dirishani, ili abiria wasiligonge. Panda na kushuka ukishika kwa mkono mzima.

Keti pia na familia mapema. Ni nani atachota maji kwa miezi 3? Ni nani atalima? Bega halipaswi kusubiri mpaka unga uishe ndipo mpange.

Usikubali mambo haya

- Kuvutwa au kusingwa kwa nguvu begani na mtu anayeunga mifupa kienyeji. Anaweza kukata kilichoshonwa au kusogeza skrubu.
- Kupakwa dawa za majani au mafuta ya moto juu ya kidonda kibichi.
- Kukaa na mkono umefungwa miezi mitatu kwa hofu. Bega lisilosogezwa hukauka, na kulilegeza ni kazi ya muda mrefu.

Kama una kifafa, usiache dawa zako hata siku moja. Degedege moja linaweza kulichomoa bega lililokwisha pona.

Rudi hospitali haraka ukiona

- homa, usaha, harufu mbaya, au wekundu unaosambaa kwenye kidonda;
- ganzi upande wa nje wa bega, au vidole visivyosogea kama zamani;
- mkono au vidole vilivyovimba sana, vya baridi au vilivyobadilika rangi;
- mlio mkali begani ukifuatiwa na umbo lililobadilika: usijaribu kulirudisha mwenyewe, funga mkono kama ulivyo na uende;
- maumivu ya kifua au kukosa pumzi: hii ni dharura.

Nani wa kuuliza?

Anza na kituo cha afya kilicho karibu nawe. Kinaweza kusafisha kidonda na kukuandikia barua ya kwenda hospitali. Katika hospitali kubwa za serikali hapa Bujumbura, kama Prince Régent Charles na ile ya chuo kikuu iliyoko Kamenge, ulizia huduma ya kine.

Malipo ni jambo la kuuliza mapema. Msaada kwa mkimbizi anayeishi mjini haufanani na wa aliye kambini, na taratibu hubadilika. Kabla ya upasuaji au miadi, nenda ONPRA, ofisi ya serikali inayoshughulikia wakimbizi, au HCR, ukiwa na kitambulisho chako na barua ya daktari.

Ikiwa utahamia kambini, kama Musasa, Bwagiriza au Kavumu, au ukirudi nyumbani, beba karatasi ya upasuaji, picha za bega, na maandishi ya kine yanayoonyesha hatua uliyofika. Piga pia picha zake kwa simu na umtumie ndugu unayemwamini. Bila karatasi hizo, daktari mpya hatajua kuna skrubu ndani ya bega lako, na huenda ukaanza upya.

Kumbuka: makala haya hayachukui nafasi ya daktari. Kama aliyekupasua alikuambia jambo tofauti na tulichoandika hapa, mfuate yeye.