Mlima Uliompigia Kura Mangi Mkuu, Kisha Ukamwondoa

Serikali ya Tanganyika huru ilipofuta uchifu mwaka 1963, Kilimanjaro hapakuwa tena na Mangi Mkuu wa kufutwa. Wachagga walikwisha kumng'oa wenyewe, kwa kura, miaka mitatu kabla.

Mlima ulikuwa na wamangi wengi, kila mmoja na eneo lake: Machame, Kibosho, Kilema, Marangu, Usseri na kwingineko. Waingereza walipoiteka Moshi mwaka 1916 waliwaacha watawale, na sheria ya 1926 ikawatambua rasmi kuwa mamlaka za wenyeji. Lakini kushughulika na wamangi wote hao kulimchosha bwana DC, mkuu wa wilaya. Mwaka 1946 mlima ukagawanywa sehemu tatu, kila moja chini ya mwitori, yaani mangi wa sehemu nzima: Abdiel Shangali akapewa Hai, Petro Itosi Marealle Vunjo, na John Maruma Rombo.

Hao waitori ndio waliompa hoja Petro Njau na chama chake cha Kilimanjaro Chagga Citizens Union. Ardhi ilikuwa imebana. Vihamba vya migomba na kahawa vilijaa hadi mpakani, huku chini yake yakianza mashamba ya walowezi. Njau alitaka mlima uwe na msemaji mmoja aliyetokana na watu, si mteule wa ofisi ya wilaya. Mwaka 1951 kura zikapigwa, na waitori wote watatu wakabwagwa na Thomas Marealle, mjukuu wa Mangi Marealle wa Marangu, aliyekuwa amesoma Uingereza na kufanya kazi serikalini. Januari 1952 Gavana Twining akamsimika kuwa Mangi Mkuu.

Bahati nayo ilikuwa upande wake. Bei ya kahawa duniani ilikuwa imepanda, wakulima wakiuza kupitia ushirika wao wa KNCU, na Halmashauri ya Wachagga ikawa na fedha ambazo wilaya nyingine za vijijini zilizisikia tu. Ikawa na bendera, gazeti lake, Komkya, na Siku ya Wachagga kila Novemba 10. Ikawa hata na wimbo wake, halmashauri ya wilaya! Mwaka 1957 Marealle alikwenda New York kuzungumza mbele ya Baraza la Udhamini la Umoja wa Mataifa.

Kwa vijana wasomi na wafuasi wa TANU, hayo yote yalinuka ufalme. Kiongozi waliyemtaka kwa sababu alichaguliwa sasa alionekana hatoki. Nadhani hilo ndilo lililomponza kuliko kosa lolote alilolitenda. Upinzani uliongozwa na Solomon Eliufoo, mwalimu kutoka Machame ambaye baadaye alikuwa Waziri wa Elimu. Mwaka 1960 wananchi waliulizwa: Mangi Mkuu, au rais wa kuchaguliwa kwa muda maalumu? Wakachagua rais, na Eliufoo akawa Rais wa Wachagga.

Marealle alikwenda mahakamani kudai stahili zake na akashinda, lakini mwaka 1969 Bunge likatunga sheria iliyoziba njia ya madai ya machifu wa zamani. Mwaka 1972 halmashauri za wilaya zenyewe zilivunjwa nchi nzima kupisha sera ya Madaraka Mikoani, zikarudishwa miaka ya 1980. Ile migawo ya waitori, ambayo wananchi waliikataa, ndiyo iliyodumu: Hai na Rombo leo ni wilaya, na Vunjo ni jimbo la uchaguzi ndani ya Moshi Vijijini.